Baba Tajiri Anapoamua Kuongoza Filamu

Mtazamaji wa filamu za Kibongo hahitaji kuambiwa baba tajiri ni nani. Akionekana Ahmed Olotu, yaani Mzee Chilo, ameketi kwenye kochi la ngozi, kila mtu kwenye kibanda cha kuonyeshea filamu ameshajua kuna binti atakayekatazwa kuolewa na kijana fukara. Akija Hashim Kambi badala yake, mambo ni yale yale. Susan Lewis, Natasha, akiwa mama mkwe, ujue ndoa ya mtu imo mashakani. Hatujaonyeshwa hata sini tatu na hadithi nusu tunayo, kwa sababu sura hizo zimetufundisha kuisoma.

Hao ndio waigizaji wasaidizi. Steringi ndiye tunayemlipia kiingilio, na kanuni ya vibanda umiza tangu enzi za mikanda ya VHS ni moja: steringi hafi. Msaidizi anaweza kufa dakika ya kumi na hadithi ikaendelea bila kumtaja tena.

Vijana wa hapa kwetu Gulwe na Mpwapwa, mkoani Dodoma, wanaoota kuingia kwenye fani huniuliza jambo moja kwa namna nyingi: mtu akiigiza nafasi za pembeni kwa miaka, kisha akaanza kuongoza filamu, amepanda cheo? Wanauliza kana kwamba kuna ngazi, na mwongozaji amekaa juu yake. Hakuna ngazi ya namna hiyo. Kuigiza nafasi ya msaidizi ni kazi, na kuongoza ni kazi nyingine. Kwetu zimefungwa pamoja zaidi na bajeti kuliko na sanaa, na kila mmoja wetu ameona matokeo yake kwenye skrini hata kama hakujua anachokiona.

Tuanze na nani hasa ni msaidizi, maana hata Marekani jambo hili halijanyooka. Tuzo za Oscar zilianza kuwatambua waigizaji wasaidizi mwaka 1937, miaka kadhaa baada ya tuzo zenyewe kuanzishwa. Washindi wa mwanzo hawakupewa ile sanamu ya dhahabu. Walipewa kibao. Hattie McDaniel, mtu mweusi wa kwanza kushinda Oscar, aliondoka na kibao mwaka 1940, na wasaidizi walianza kupewa sanamu kamili mwaka 1944. Kwa hiyo tofauti kati ya mkuu na msaidizi, kabla haijawa ya ufundi, ilikuwa ya heshima na fedha.

Na hadi leo mpaka kati yao unayumba. Mwaka 2021 Daniel Kaluuya, Mwingereza ambaye wazazi wake ni Waganda, alishinda Oscar ya mwigizaji msaidizi kwa kumwigiza Fred Hampton, kiongozi wa Black Panther wa Chicago, katika Judas and the Black Messiah. Miongoni mwa walioshindana naye katika kundi lilelile alikuwamo LaKeith Stanfield, mwenzake wa filamu hiyohiyo. Jina la filamu linataja watu wawili, Yuda na Masihi, na wote wawili wakahesabiwa wasaidizi. Steringi alikuwa nani basi? Hakuna aliyejibu vizuri. Wanaopanga makundi hupanga kwa kutazama pia nafasi ya kushinda, kwa hiyo msomaji asidhani neno msaidizi ni kipimo cha uwezo au hata cha dakika anazoonekana mtu.

Kwetu kipimo kilikuwa kava.

Katika miaka ambayo filamu za Kibongo ziliuzwa kwa CD na DVD, mnunuzi wa sokoni hakuonja hadithi kwanza. Aliona kava. Sura ya Steven Kanumba, Vincent Kigosi au Jacob Stephen ikiwa kubwa mbele, mkanda umekwenda. Msambazaji alilijua hilo, na kwa muda mrefu msambazaji mkubwa alikuwa mmoja, Steps Entertainment. Utaratibu uliozoeleka ulikuwa wa kununua haki zote kwa mkupuo: prodyuza anakabidhi kazi, analipwa mara moja, mauzo yanayofuata si yake tena. Filamu moja ikakatwa vipande viwili, sehemu ya kwanza na ya pili, ili iuzwe mara mbili.

Sasa piga hesabu ya msaidizi ndani ya mfumo huo. Prodyuza anajua mapema atapokea kiasi gani. Fungu kubwa linakwenda kwa steringi, kwa kuwa bila yeye msambazaji hanunui, na mara nyingi steringi na prodyuza ni mtu yuleyule. Kinachobaki kinagawanywa kwa kamera, taa, chakula, mafuta ya gari, nyumba ya kurekodia, na watu wengine wote. Msaidizi anapewa chake siku ya mwisho, tena akibahatika. Filamu ikiuzwa sana haimhusu. Ikirudiwa kwenye televisheni miaka mitano baadaye haimhusu. Stempu za kodi zilipoanza kubandikwa kwenye CD za filamu na muziki mwaka 2013, zilisaidia kuhesabu nakala halali, lakini hazikumpa msaidizi mgawo ambao mkataba wake haukuutaja.

Mtu wa namna hiyo ana njia tatu. Aigize filamu nyingi mno, na ndiyo maana sura zilezile zilijaa kila mkanda. Awe na kazi nyingine, kama Patcho Mwamba aliyekuwa mwanamuziki wa FM Academia na huku akiigiza. Au aongeze kazi ndani ya filamu ileile: aandike skripti, aongoze, na aigize, kwa malipo ambayo hata yakiwa madogo ni makubwa kuliko ya kuigiza peke yake.

Adam Philip Kuambiana alichagua njia ya tatu, na kwa maoni yangu hakuna aliyeipita kwa bidii kuliko yeye. Aliandika, akaongoza, akaigiza. Fake Pastors, Regina, Basilisa, Jesica na Danija ni baadhi ya filamu zilizobeba jina lake. Kwa mtazamaji wa kawaida alikuwa mwigizaji: sura inayofahamika, mtu wa kumpa steringi msukosuko. Kwa watu wa lokesheni alikuwa zaidi mtu wa skripti na kiti cha mwongozaji. Alifariki Dar es Salaam tarehe 17 Mei 2014, akiwa bado kwenye heka heka za kurekodi, na akazikwa makaburi ya Kinondoni.

Chini ya wiki mbili baadaye, tarehe 30 Mei, ajali ya barabarani huko Gairo ilimchukua George Otieno Tyson, aliyekuwa akirejea kutoka Dodoma na kikosi cha kipindi cha televisheni cha The Mboni Show. Gairo iko ng'ambo ya milima ya Mpwapwa kutoka kwetu, kwenye barabara kuu ya Morogoro. Tyson, mzaliwa wa Kenya, ndiye aliyeongoza Girlfriend mwaka 2003, filamu iliyosukuma wimbi la Bongo Movie ikiwa na wanamuziki kama TID na AY na mwigizaji Yvonne Cherry, Monalisa. Yeye alikuwa mwongozaji kwanza kabisa. Umaarufu wake haukutegemea sura yake kuonekana.

Nawaweka pamoja watu hawa wawili kwa sababu tofauti yao inafundisha. Tyson alipoondoka, tasnia ilipoteza mwongozaji. Kuambiana alipoondoka, ilipoteza mwandishi, mwongozaji na mwigizaji kwa msiba mmoja, na hakuna daftari lililoonyesha nani arithi kazi ipi, kwa kuwa kazi zote zilikuwa kichwani mwa mtu mmoja. Tasnia yenye afya haipaswi kuwa dhaifu kiasi hicho.

Hapa nirudi nyuma kidogo, kwa sababu haki ya Mwafrika kukaa kiti cha mwongozaji haikuja bure. Kati ya 1935 na 1937, huko Vugiri kwenye milima ya Usambara, kulikuwa na mradi wa Waingereza wa kutengeneza filamu za kuelimisha Waafrika, ukisimamiwa na Meja L. A. Notcutt. Waigizaji walikuwa Waafrika. Wenye kuamua picha ikae vipi walikuwa Wazungu. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 mambo yalikuwa hayohayo. Rashidi Mfaume Kawawa, ambaye mwaka 1962 alikuja kuwa Waziri Mkuu wa Tanganyika, aliigiza katika filamu ya Muhogo Mchungu. Mtu aliyeweza kuongoza serikali alijulikana kwa kuwa mbele ya kamera, si kwa kukaa kiti cha mwongozaji. Ndiyo maana sicheki mwigizaji wa pembeni anaposema anataka kuongoza. Ninachohoji ni jinsi tunavyomfanyisha.

Ufundi wenyewe uko hivi. Mwongozaji ni mtazamaji wa kwanza. Wakati sini inarekodiwa, kazi yake ni kukaa upande wa kamera na kuona kile utakachokiona wewe: je, huzuni hii imefika au imezidi? Macho yanatazama pale panapotakiwa? Kikombe kilikuwa mkono wa kulia kwenye picha iliyopita, mbona sasa kimehamia kushoto? Msaidizi anapoongoza na kuigiza kwenye sini moja, yule mtazamaji wa kwanza ameondoka kwenye kiti. Yumo ndani ya picha, anawaza mistari yake.

Kwenye uzalishaji mkubwa pengo hilo huzibwa na watu. Kuna msaidizi wa mwongozaji. Kuna mtu ambaye kazi yake ni kuandika kila kitu kilivyokuwa, nguo, nywele, saa ya ukutani, ili picha zilizorekodiwa siku tofauti ziungane. Kuna kioo cha kurudia picha papo hapo, mwongozaji akatoka kwenye nafasi yake, akajitazama, akasema turudie. Kwenye lokesheni zetu nyingi za enzi za CD kulikuwa na kamera moja, siku chache, nyumba ya kuazima ambayo mwenyewe anaitaka ikifika jioni, na mpiga picha ambaye akiulizwa "Vipi?" anajibu "Poa." Poa hiyo ndiyo iliyokwenda sokoni.

Msomaji anaweza kuhakikisha mwenyewe. Achukue filamu yoyote ambayo mwongozaji wake anaigiza, atafute sini ya watu wawili wanaozungumza. Kuna mstari usioonekana unaounganisha wazungumzaji hao, na kamera inapaswa kubaki upande mmoja wa mstari huo. Ikibaki, mmoja anatazama kulia na mwingine kushoto, na akili yako inakubali kwamba wanatazamana. Ikivuka, wote wawili wanatazama upande mmoja, kama wanaosubiri basi. Kosa hili hutokea kwa yeyote, lakini ni jepesi zaidi kwenye sini ambazo mwongozaji mwenyewe yumo. Tazama pia ni sini za nani zimepigwa kutoka pembe moja tu bila picha ya karibu ya uso. Mara nyingi ni zake. Akiona muda unakwisha, wa kwanza kunyimwa picha ya ziada ni yeye mwenyewe, kwa kuwa ndiye pekee asiyeweza kulalamika.

Kwa hiyo watu wakisema fulani "alishuka kiwango" tangu aanze kuongoza, mimi huwa nauliza kwanza nani alikuwa akimtazama.

Turudi kwa Kaluuya, maana safari yake inapita kwetu kuliko wengi wanavyojua. Akiwa kijana mdogo, mwaka 2007, alikuwa na nafasi ndogo kwenye tamthilia ya Uingereza iitwayo Skins, na hapohapo akawa miongoni mwa waandishi wake. Yaani tangu mwanzo alikuwa na sababu ya kukaa lokesheni hata pale asipoonekana. Mwaka 2013 alionekana kwenye filamu fupi iitwayo Jonah, iliyorekodiwa Zanzibar, inayohusu vijana wawili na samaki mkubwa ajabu aliyebadilisha mji wao kuwa kivutio cha watalii. Aliyeiongoza ni Kibwe Tavares, Mwingereza aliyesomea usanifu majengo kabla ya kuingia kwenye filamu.

Miaka kumi baadaye, Oktoba 2023, filamu ya The Kitchen ilifunga Tamasha la Filamu la London, na Januari 2024 ikaingia Netflix. Waongozaji ni wawili: Daniel Kaluuya na Kibwe Tavares. Aliyemwongoza Zanzibar sasa amekaa naye kiti kimoja. Kaluuya alishiriki kuandika skripti, akaongoza, na hakujipa nafasi ya kuigiza. Nafasi kuu alipewa Kane Robinson, mwanamuziki anayejulikana kama Kano. Mtu ambaye jina lake lingeuza filamu duniani kote amekaa nyuma ya kamera, akamwachia mwingine uso. Najua mtu atasema alikuwa na fedha za kumwezesha kufanya hivyo. Ni kweli, na ndiyo hoja yangu: alikuwa na bajeti ya kutenganisha kazi, akazitenganisha. Pia hakuwa peke yake. Ukiwa na mwenzako wa kuongoza, yupo mtu wa kukuambia hapana.

Lupita Nyong'o naye alipita njia isiyo ya kawaida. Kabla ulimwengu haujamjua, alikuwa mfanyakazi wa nyuma ya kamera kwenye The Constant Gardener, iliyorekodiwa Kenya na kutoka mwaka 2005, na kwenye The Namesake ya Mira Nair. Mwaka 2009 alikuwa ameshaongoza filamu ya hali halisi iitwayo In My Genes, kuhusu maisha ya watu wenye ualbino nchini Kenya, miaka ileile ambayo kwetu Tanzania watu wenye ualbino walikuwa wakiuawa. Ndipo akaenda kusomea uigizaji Yale, na Machi 2014 akashinda Oscar ya mwigizaji msaidizi kwa nafasi ya Patsey katika 12 Years a Slave. Tukimpima kwa ile ngazi ya vijana wangu, Lupita alianzia juu akashuka, kwani aliongoza kwanza ndipo akawa msaidizi. Ukisema hivyo unaona jinsi ngazi yenyewe isivyo na maana.

Hali yetu imebadilika tangu Kuambiana aondoke. Soko la CD limekufa. Chaneli kama Maisha Magic Bongo na Sinema Zetu zimeleta tamthilia ndefu, na tamthilia ina tabia tofauti na filamu: msaidizi habanwi na siku tano za kurekodi, anaweza kubaki na mhusika mmoja kwa misimu. Leah Mwendamseke, Lamata, ameonyesha kupitia Jua Kali kwamba mwongozaji anaweza kuwa jina linalovuta watazamaji bila kuwa sura kwenye kava. Kwa msaidizi anayetaka kuongoza, hii ndiyo shule iliyokosekana. Anaweza kuigiza kipindi hiki, akamsaidia mwongozaji kipindi kijacho, akaandika kumbukumbu za nguo na vikombe kipindi kingine, bila kulazimika kufanya vyote saa ileile.

Kwa nini nayaandika haya nikiwa Gulwe, si Sinza au Kinondoni? Kwa sababu tasnia yote ilijikusanya Dar es Salaam kwa lazima ya msambazaji, na lazima hiyo imekwisha. Treni ya reli ya kisasa, SGR, imekuwa ikibeba abiria kati ya Dar es Salaam na Dodoma tangu Julai 2024, na Gulwe ina stesheni yake kwenye reli hiyo, mbali na ile ya zamani tuliyorithi kwa Mjerumani. Mandhari ya filamu tunayo ya kutosha: mto Kinyasungwe unaojaa na kung'oa reli, kisha ukawa mchanga mtupu, mibuyu, mnada wa ng'ombe. Hayo hayajachoshwa na kamera kama lilivyochoshwa lile kochi la ngozi. Ninachoogopa ni kwamba vijana wetu wataanza kwa kuiga namna ya kazi iliyotokana na ufukara wa enzi za CD, wakidhani ndiyo desturi ya sanaa: mmoja aandike, aongoze, aigize, ahariri na abandike jina lake mara tano mwishoni.

Ushauri wangu ni mwepesi, na hauhitaji fedha. Filamu yako ya kwanza iwe fupi, dakika tano au kumi, na wewe usionekane ndani yake hata kidogo. Mwite mwenzako aigize. Ukae upande wa kamera utazame. Filamu ya pili mbadilishane: yeye aongoze, wewe uigize nafasi ndogo, na uvumilie kuambiwa urudie. Baada ya hapo, ukitaka kuongoza filamu ambayo nawe umo, tafuta mtu mmoja tu wa kukaa kwenye kile kiti unapoingia kwenye picha, na mpe ruhusa ya kusema "kata" bila kukuomba radhi.

Kwa maprodyuza nina ombi la maandishi. Mtu akifanya kazi mbili kwenye filamu yenu, mkataba uzitaje zote mbili kila moja na malipo yake, pamoja na mgawo wake filamu inapouzwa kwa chaneli nyingine au kuwekwa mtandaoni. Na nyinyi mnaotazama, majina yanapoanza kupanda mwishoni msikimbilie kuzima simu. Subirini muone ni nani aliyeongoza, na kama jina hilohilo lilikuwa pia la yule rafiki wa steringi aliyekufa dakika ya kumi.